Ongeza Moja

Meno ya mbele ya Asteria yaliliwa na kazi. Si uzee, maana bado alikuwa anapanda mlima na ndoo ya maji kichwani bila kuishika, tena huku akimsema mtu. Alikuwa msikizi wa duara la Maganga, yaani shimo lake la kuchimbia, kwenye machimbo ya Igwata upande wa Msalala, na msikizi hutumia meno kuliko masikio. Kila asubuhi kabla wanaume hawajashuka, alipiga magoti kwenye mdomo wa shimo, akasimamisha fimbo yake ya mti wa mkola juu ya mwamba, akauma ncha ya juu na kufumba macho. Sikio hudanganywa na upepo, na karasha zinazosaga mawe bondeni, na wanaume wasiojua kunyamaza. Meno hayana mambo hayo. Kinachotembea ndani ya mwamba hupanda kwenye fimbo, kikaingia kwenye fizi, na aliyezoea anajua ni nini.

Mgeni akifika Igwata hudhani watu wamefuata dhahabu. Dhahabu ipo, ya kubabaisha. Kilichowajaza watu pale ni mvumo. Ni jiwe tu, jeusi kama sufuria la kuni, na ukilikuta njiani utalipiga teke uendelee na safari zako. Lakini ukiligonga linanyamaza kwanza, kisha, ukiwa umeshaanza kuwaza mengine, linakurudishia. Umegonga mara tatu, linarudisha mara tatu. Maneno halishiki, wala wimbo, linashika kipigo. Likimaliza cha mwisho linarudisha cha kabla yake, kisha cha kabla ya hicho, halafu linaanza upya, kila safari kwa unyonge zaidi, hadi linasahau.

Watu wa mjini wamelifanya pambo. Nyumba nyingi za Kambarage zina kipande mlangoni. Mgeni akibisha na kukosa mtu, mwenye nyumba akirudi hukiweka shavuni akajua kwamba alitafutwa, na mara ngapi. Ndoa zimevunjika kwa mchezo huo. Wanunuzi wa Geita wao hutaka jiwe ambalo halijasikia kitu. Huling'ata kwa magego kabla ya kutaja bei, na wakikuta limejaa nyundo za wachimbaji hutema mate pembeni kama waliolishwa uchafu. Jiwe la namna hiyo hurudi nyumbani, likafukiwa kwenye majivu ya jikoni msimu mzima wa mvua, lipate kusahau.

Likiwa ndani ya ardhi lina tabia nyingine. Mlima ukijisogeza, hata kwa unene wa ukucha, mvumo ulio ndani yake huanza kunguruma wenyewe bila kugongwa. Hapo msikizi hupiga kipande cha reli kilichoning'inizwa karibu yake, na walio chini huacha kila kitu na kupanda. Kuna siku wote hufika juu, na kuna siku wengine hawafiki. Kwa ajili ya hao ipo sheria moja, ambayo kila anayeshuka Igwata hufundishwa kabla hajapewa tochi: ukifukiwa, ukasikia unagongewa, ongeza moja. Wakigonga mbili, jibu tatu. Jiwe hurudisha tu, kuongeza haliwezi. Anayeongeza ni mtu.

Mihayo, mtoto pekee wa Asteria, aliijua sheria hiyo kabla ya kujua kusoma. Sasa alikuwa mwanamume mwenye mke na mtoto, na ndiye aliyepewa kukata mawe mwisho kabisa wa njia, kwa sababu mkono wake ulikuwa mwepesi na jiwe halikumvunjikia ovyo.

Siku mlima uliposhuka, mvua ilikuwa imenyesha mfululizo, na matimba yanayoshikilia kuta za shimo yalikuwa yameanza kunuka uozo. Deusdedit, fundi wa matimba, alikuwa amemwambia Maganga mapema kwamba yanahitaji kubadilishwa, na Maganga akasema tutaona. Huyo Maganga, mwenye duara, alikuwa mtu wa kucheka sana na kusema tutaona. Basi wakaona. Asubuhi, wanaume wakiwa wameshashuka wote, Asteria alihisi ngurumo kwenye fizi. Haikuwa kubwa. Hakungoja iwe kubwa. Alipiga reli hadi mkono ukafa ganzi. Wanaume wakapanda kwa kamba mmoja baada ya mwingine, wametapakaa tope, Deusdedit akiwamo, na kila aliyetokeza Asteria alimtazama usoni, akamwacha apite, akarudisha macho shimoni. Mihayo njia yake ilikuwa ndefu kuliko ya wote. Shimo likafunga akiwa bado humo.

Hewa baridi ilitoka kwa nguvu ikawarushia tope usoni, kisha kukawa kimya.

Asteria hakulia. Baadaye kuna watu walisema yule mama ana moyo wa chuma, lakini watu wasio na kazi hawakosi la kusema. Hakulia kwa sababu alikuwa na la kufanya. Alimshika Maganga mkono wa shati wakakimbia kuzunguka mlima kwenda kwenye shimo la zamani, ambalo zamani lilikuwa limeungana na njia ya chini, kutazama kama pana upenyo. Shimo la zamani lilikuwa limejaa maji hadi juu. Walisimama pale wakiyatazama, kisha Asteria akamvuta Maganga warudi.

Waliporudi walikuta Deusdedit na wenzake wameshaanza kufukua, wanapeana mawe mkono kwa mkono. Walikuwa wamefungua tundu la kuingia mtu aliyejikunja, na juu ya tundu hilo ulining'inia mwamba mkubwa uliopasuka katikati, umeshikiliwa na magogo mawili ya haraka haraka. Hosiana, mke wa Mihayo, alikuwa ameketi pembeni kwenye jabali, jiwe la ukubwa wa ngumi mapajani, hasemi na mtu. Asteria alimwona na kumhurumia. Alitaka kwenda kumshika, akaona kwanza amtafutie mumewe.

"Zimeni karasha," alisema. "Acheni sululu. Nauliza mwamba."

Ujumbe ukashuka bondeni, karasha zikazimwa moja moja, na Igwata nzima ikatulia kama siku ya Ijumaa Kuu. Kuuliza mwamba kuna taratibu zake. Kabla msikizi hajagonga chochote, huuliza kama kuna aliyekwisha kugonga, ili asije akachanganya kilichotoka kwake na kilichotoka kwa mwingine. Asteria aliuliza. Aliwageukia wachimbaji, kama inavyofanywa siku zote, maana ndio wanaoshika nyundo.

"Nani kati yenu ameshagonga?"

Wakatazamana. Hakuna, walisema. Walifukua tu, na mawe waliyashusha kwa mikono, bila kuyatupa. Deusdedit naye akasema hakuna.

Akauma fimbo, akachukua nyundo, akagonga mara nne.

Sasa, jiwe halirudishi papo hapo. Wasikizi wa Igwata walio Wakatoliki hupima kwa Salamu Maria kumi, na wengine wana vipimo vyao vya jadi, lakini vyote huishia palepale. Zikiisha Salamu Maria kumi, jiwe limerudisha. Asteria akaanza kusali kimoyomoyo. Na huku anasali, akili yake ilimletea Apolonia, hata hakumwita.

Apolonia alikuwa msikizi wa duara la jirani miaka ya nyuma, mwenye meno mazuri na sifa zote. Kaka yake alifukiwa. Apolonia aliuma fimbo, akasikia kugongwa, akasema ni mtu, ni mtu, ingieni. Waliingia. Mlima ukawafuata wote mle ndani, wanaume waliokuwa na wake na watoto wakiwasubiri juu, na mwishowe ikajulikana kwamba lilikuwa jiwe, na kwamba Apolonia alikuwa ameongeza moja kwa moyo wake mwenyewe. Siku hizi anauza dagaa Geita. Bado kuna watu humwonyeshea kidole. Asteria alikuwa ameapa siku ile ile kwamba likimfika yeye, atasikiliza kwa meno, moyo atauweka kando.

Alikuwa kwenye Salamu Maria ya nne zilipokuja. Moja, mbili, tatu, nne. Zilikuwa wazi, zimeachana vizuri, mpigaji hana haraka.

Nne.

Alijua ni mapema mno. Hili lazima lisemwe, kwa kuwa yeye mwenyewe hakulikana hata siku moja. Jiwe hungoja hadi ya kumi, na yeye alikuwa kwenye ya nne. Lakini mama mwenye mwana ardhini anajuaje kama anasali haraka au polepole? Labda alikuwa amesimama katikati ya sala bila kujijua. Labda alianza kuhesabu upya. Akajiambia kwamba wazo lile la mapema ndilo moyo wenyewe, unamvuta nguo, unataka kumfanya Apolonia wa pili. Na wakati huohuo ngurumo ikaanza tena kwenye fizi, nzito kuliko ya asubuhi. Alifumbua macho. Miguu ya Deusdedit ilikuwa inaonekana kwenye tundu, chini ya ule mwamba uliopasuka; alikuwa ameshaingia, anasubiri neno lake tu. Mkewe Epifania alikuwa amesimama nyuma ya watu, khanga mdomoni.

Nne ni nne. Angekuwa Mihayo, zingekuwa tano.

Akatoa fimbo mdomoni.

"Ni jiwe," alisema. "Tokeni."

Deusdedit alitoka kinyumenyume. Hakuwa amemaliza hata kujikung'uta tope, mwamba ukashuka, magogo yakavunjika kama vijiti vya mtama, na pale alipokuwa amelala pakawa hapana nafasi ya kupitisha mkono. Watu walipiga kelele. Epifania alikuja akapiga magoti mbele ya Asteria, akamshika miguu.

"Wabeja, mayu," alisema kwa Kisukuma, akimshukuru. "Wabeja sana. Umenirudishia mume."

Asteria alimwinua. Alijiona mtu aliyefanya haki, na hiyo ilimsaidia kusimama. Maganga aliomba kijiko cha kuchimbulia cha watu wanaotengeneza barabara, kikaja kikiyumba kwenye matope, dereva akashuka akatazama, akasema uzito wa mashine utamalizia kilichobaki. Akageuza.

Aliyeshindikana kutolewa, Igwata humzika na duara lake. Ndivyo desturi ilivyo. Katekista Ansgar alisoma sala, kisha kila mtu akaokota jiwe na kulirusha kwenye mdomo wa shimo, mpaka mdomo ujae. Wa kwanza kurusha ni mzazi. Asteria aliokota lake, akalishika kwa muda, akalirusha. Wa pili alikuwa Hosiana. Baada ya hapo mawe yalimiminika, ya wachimbaji, ya akina mama wa magengeni, ya madereva wa bodaboda waliokuwa wamezoea kumbeba Mihayo, yakipigana na mwamba kwa kishindo hadi watu wakalazimika kusemezana kwa sauti. Asteria alisimama pale hadi jiwe la mwisho. Fimbo aliiacha nyumbani. Kuiuma kwenye maziko ni mwiko, kwa kuwa msikizi hapaswi kulisikia kaburi.

Matanga yakakaa kwake. Wanawake walijaza mikeka ndani, wanaume wakawa nje na moto wao, na ugali wa msibani ukapikwa kwenye masufuria yaliyoazimwa kanisani. Hosiana alikaa ukutani na mtoto wake Goodness mapajani. Alikuwa mtoto wa wakulima wa Ushirombo, watu wa mahindi na mihogo, wasiojua habari za mashimo. Alikuja Igwata kwa sababu ya Mihayo, na hadi siku mlima uliposhuka hakuwahi hata kuchungulia kwenye duara. Aliogopa. Mihayo alimtania sana kwa hilo. Tangu maziko alikuwa hali chakula, na wanawake walikuwa wameanza kumkemea kwa upole, kwamba mtoto ananyonya, kwamba hivyo sivyo.

Mchana mmoja, wengi wakiwa wametoka kwenda kuteka maji, Asteria alimpelekea uji yeye mwenyewe. Akakaa naye mkekani.

"Kunywa, Mama Goodness."

"Sitaki, mama."

"Kunywa kidogo. Naelewa unavyojisikia."

Hosiana alikipokea kikombe akakiweka chini. Alikuwa amekasirika, na hasira yake ilikuwa imetafuta mahali pa kwenda ikakosa.

"Wewe angalau jiwe lilikujibu," alisema. "Mimi sikujibiwa hata na jiwe. Nilimgongea na hakunijibu."

"Ulimgongea wapi?"

"Pale pale. Mlipokuwa mmekwenda na Maganga kule kwenye maji, na wanaume wamefuata sululu. Nilichukua jiwe nikagonga kama mtu anavyobisha hodi. Nikagonga mara tatu, nikangoja. Kimya. Ndipo mkaja mkaanza mambo yenu."

Nje kulikuwa na mtu anapasua kuni, na kila shoka lilipotua Asteria alihisi linatua mwilini mwake.

"Tatu," alisema.

"Tatu, mama. Watu wanabisha mara tatu. Nilikosea?"

Asteria alikuwa ameshaona yote, kuanzia mwanzo hadi mwisho, na hakuna sehemu iliyokuwa na giza. Hosiana aligonga tatu. Mihayo, kule chini, alizisikia; ikamchukua muda, labda alikuwa ameumia, labda alikuwa anapapasa gizani akitafuta nyundo yake; akaipata, akafanya alivyofundishwa. Aliongeza moja. Nne zake zikapanda wakati mama yake akiwa kwenye Salamu Maria ya nne, mapema mno kwa jiwe, na mama yake akazihesabu kuwa jiwe. Angengoja sala zake ziishe angesikia nne nyingine, zile za jiwe lenyewe, akashtuka. Angengoja kidogo tena angesikia tano. Hakungoja. Alitoa fimbo mdomoni akasema neno lake, na watu wakamshukuru.

Tena aliuliza nani ameshagonga. Aliwauliza wanaume.

"Hujakosea," alimwambia Hosiana, akainuka.

Alitoka hadi kwenye moto wa wanaume. Hakuwapa maelezo marefu. Alisema, "Mihayo alijibu. Lile halikuwa jiwe. Twendeni tukafukue." Wengine walitazama chini, wakidhani ndiyo akili imeanza kumtoka, jambo linalowapata wafiwa. Maganga aliinuka na uso wa kubembeleza.

"Mama Mihayo, tumeshazika. Kaburi halifukuliwi. Keshokutwa tutakaa, tutaona."

"Wewe usiniambie tutaona."

Alisema polepole, wala hakupaza sauti, lakini Maganga akakaa. Ilikuwa zamu ya Deusdedit kuinuka. Alivua koti lake la msibani akamkabidhi mtu, akauliza sululu ziko wapi. Alipoinuka yeye, wengine nao wakaona aibu kukaa.

Waliyatoa mawe ya maziko kwa mikono, yale yale waliyoyarusha, na yaliyotupwa kwa muda mfupi yakachukua muda mrefu kutoka. Walipofika kwenye mwamba walianza kukwangua upande, mbali na pale uliposhukia, Deusdedit akiwa mbele, kichwa na mabega ndani. Ardhi ilikuwa bado imelowa. Udongo ulimwagika mara kwa mara mgongoni kwake, akaukung'uta, akaendelea. Epifania alikuwa amekuja, na safari hii hakuwa amesimama mbali. Alimtazama Asteria bila kubandua macho, na Asteria alielewa anaambiwa nini.

"Simameni," Asteria alisema walipofika kwenye jabali zima. "Nauliza."

Karasha zikazimwa. Akawageukia watu wote, wanaume na wanawake, hadi watoto waliokuja kutazama, akauliza nani ameshagonga, na akangoja kila mmoja atikise kichwa, Hosiana naye. Ndipo akapiga magoti na kuuma fimbo.

Hakugonga kwanza. Alisikiliza kilichokuwamo. Kwanza zilikuja sululu zao wenyewe za mchana ule, vurugu tupu. Alizingoja zipite. Chini ya hizo, kwa mfuatano wa jiwe lenyewe ambalo huanza na kipya na kumalizia na cha zamani, zikaja tano.

Tano, kisha tano, kisha tano. Nyingine zilikuwa na nguvu na nyingine zilikuwa za mtu anayeinua nyundo kwa mikono miwili. Na chini yake, baada ya hizo zote, ndipo kikaja kishindo kikubwa cha mawe ya maziko, jiwe juu ya jiwe, la mama, la mke, la katekista, la kila mtu. Kwa hiyo tano zilikuwa mpya kuliko maziko. Walipomaliza kumzika alikuwa bado anajibu. Labda kishindo kile alikisikia akidhani wanakuja, wamefika, wanatoa mawe, akazidi kugonga ili wajue aliko.

Asteria akaachia meno kidogo, akavuta hewa, akauma tena. Bado palikuwa na nafasi. Tano zilikuwa mpya kuliko maziko, lakini mpya kiasi gani, hakuna awezaye kujua. Huenda ni za jana, huenda ni za asubuhi ile. "Ng'wanone," alisema huku ameuma fimbo, "mwanangu, ongeza moja. Ongeza hata kidogo." Akachukua nyundo akagonga sita.

Alisali Salamu Maria kumi, akizitamka kwa midomo, neno baada ya neno. Ya nne ikapita bila kitu. Ya saba ikapita. Ilipoisha ya kumi, kwa wakati wake kabisa, zikaja sita. Hakutoa fimbo. Alisali kumi nyingine, akizingojea saba, akaahidi mambo mengi ambayo mtu huahidi. Jiwe likampa sululu, likampa tano, likampa maziko, likarudi kwenye sita. Alisali kumi za tatu. Jua lilikuwa linamchoma shingoni na watu hawakuthubutu kusogeza mguu. Saba hazikuja.

Ndani ya tundu Deusdedit alikuwa amelala kifudifudi, anasubiri. Udongo ukamdondokea tena. Na kwa mbali, kwenye fizi, ngurumo ikawa inaanza.

Angeweza kunyamaza. Wangeendelea kufukua, huenda wangefika kwake kabla mlima haujashuka, akamwona mwanawe, akamfuta tope usoni, akamvika shati safi. Au mlima ungeshuka. Alilifikiria hilo kwa kirefu kuliko alivyopaswa, Epifania akimtazama.

"Ni jiwe," alisema. "Deusdedit, toka. Tokeni wote."

Watu hawakusogea mara moja. Maneno yalikuwa yale yale na sauti ilikuwa ile ile, na safari hii hayakumpa mtu faraja. Deusdedit alitoka taratibu, akakaa chini, tope hadi kwenye kope. Epifania alimshika bega. Hakumshukuru mtu.

Hosiana ndiye aliyesogea mbele. Alikuwa amemfunga Goodness mgongoni.

"Ni jiwe kama siku ile?" aliuliza.

"Hapana," Asteria alisema. "Siku ile alikuwa yeye. Leo ni jiwe."

Watu wote waliisikia. Maganga alivua kofia yake, hakujua aishike wapi. Hosiana hakulia wala hakumpiga mama mkwe wake, ingawa kulikuwa na wanawake waliojisogeza karibu kwa kuhofia hilo. Alinyoosha mkono akaichukua fimbo. Alipiga magoti pale pale, mwanamke aliyekuwa haogopi kitu duniani kama lile shimo, akaiweka fimbo kwenye meno yake mazima, akafumba macho kama alivyomwona mkwewe akifanya. Asteria alimsimamishia ncha ya chini juu ya mwamba, isiteleze.

Walingoja. Hosiana akaanza kuhesabu kwa vidole, mikono juu ya magoti, vidole sita. Akakunja uso kelele zilipokuja. Kisha vidole vikaanza upya, kimoja kimoja, hadi mkono mmoja ukawa wazi wote. Ukajikunja, ukafunguka tena. Ukajikunja, ukafunguka tena.

Akatoa fimbo mdomoni.

"Hizi tano ni za nani, mama?"

"Za mumeo," Asteria alisema. "Alikuwa ananijibu mimi."

Hosiana aliutazama mwamba, kisha akamtazama yeye. Asteria alinyoosha mkono kupokea fimbo, maana ngurumo ilikuwa inakuja na ilibidi watu waondoke pale. Hosiana hakumpa. Aliiuma tena, akangoja zile tano zirudi.